Mume Aliyekufa Arudi Siku ya Harusi: Kwa Nini Tamthilia Zisizoaminika Hazituchoshi

Ni kati ya Magharibi na Isha, Langoni, Lamu. Sinia ya kaimati iko katikati ya mkeka, runinga imepandishwa sauti ishinde feni, na kwenye kioo mwanamume aliyeteketea ndani ya gari mwezi uliopita amesimama mlangoni, mzima wa afya, siku ambayo mkewe anaolewa na mdogo wake. Kamera inamvuta uso mara tatu. Muziki unapiga kwa kishindo. Mpaka kesho.

Chumbani hakuna anayesema haiwezekani. Msichana wa sekondari anamgeukia nyanyake: "Sasa nyanya, huyu ni mke wa nani?" Nyanya hajibu haraka. Anauliza kwanza: eda ilikaliwa? Maiti ilioshwa? Nani aliyeitambua? Kwa nusu saa nzima, mpaka adhana ya Isha, watu wazima na watoto wanajadili sheria, hasira na heshima za watu ambao hawapo duniani.

Wanaozidharau tamthilia huwa na neno moja: uongo. Mtu hafi akarudi, hapotezi kumbukumbu akaamkia nyumbani kwa adui yake, hakutani na pacha wake sokoni. Lakini ukiyachukua mambo haya moja moja, kila moja limewahi kumfika mtu. Wapo waliozikwa kwa jina la mwingine. Wapo mapacha waliolelewa nyumba mbali mbali, na watoto waliobadilishwa wodini. Pwani yetu ndiyo kabisa: mji uliokulia kwenye ubaharia unamjua vizuri mume aliyeondoka na upepo wa kusi kwenda Uarabuni, akakawia miaka, kisha siku moja akashuka gatini na kaskazi, huku ana watoto wengine ng'ambo. Uongo wa tamthilia uko kwenye idadi. Mambo ambayo yangegawanywa kwa koo mia na vizazi vitatu yamerundikwa juu ya familia moja, ndani ya mwaka mmoja.

Rundo hilo halitokani na uvivu wa mwandishi. Chukua kalamu upige hesabu. Tamthilia ya kila siku ya nusu saa, ukitoa matangazo, hubaki na dakika kama 22 za hadithi. Siku tano kwa wiki ni dakika 110. Wiki 52 ni sehemu 260, yaani dakika 5,720. Filamu ya kawaida ni dakika 100 hivi, kwa hiyo mwaka mmoja wa tamthilia ni sawa na filamu 57, zote zenye watu walewale, nyingi kwenye sebule ileile. Filamu moja hutosheka na tukio kubwa moja au mawili. Mpe mwandishi wa tamthilia tukio moja tu kwa kila dakika 100, na familia yake itakuwa imepata misiba, harusi na fedheha 57 kabla mwaka haujaisha. Hakuna ukoo wa kweli wenye habari nyingi hivyo. Talaka, ufukara, ugonjwa na wivu humalizika mapema. Baada ya hapo stoo imebaki na pacha na mfu.

Tamthilia za kila siku zilianzia kwenye redio za Marekani miaka ya 1930, zikidhaminiwa na watengenezaji wa sabuni waliotaka kusikika na akina mama majumbani, ndiyo maana Wamarekani huzitaja kwa jina la sabuni hadi leo. Mojawapo, Guiding Light, ilianza redioni mwaka 1937, ikaingia runingani 1952, ikazimwa 2009. Miaka 72! Hadithi ya namna hiyo haina mwisho inaouendea, na jambo likitatuliwa ni hasara mpaka suluhu yenyewe izae tatizo jingine. Telenovela za Amerika ya Kilatini zina mwisho, mara nyingi baada ya sehemu mia na ushei, na kwa hiyo siri zake huivishwa kwa mpango. Za Kihindi na za Kimarekani huenda tu maadamu watu wanatazama.

Sababu nyingine hazionekani kwenye kioo kabisa, ziko ofisini. Mikataba ya waigizaji wa tamthilia za Marekani huhesabiwa kwa mizunguko ya wiki 13. Mzunguko ukiisha, kampuni yaweza kumwacha mtu; mkataba wote ukiisha, naye aweza kuondoka. Mwandishi basi ana milango mitatu: amuue mhusika, ampeleke safari, au amtafutie mwigizaji mwingine. Mlango wa tatu ndio unaozaa ajali ya moto na upasuaji wa uso: bandeji zinafunguliwa, na nyuma yake kuna mtu mpya anayeitwa jina lilelile. Watoto nao wana shida yao. Sheria za kazi katika nchi nyingi hubana saa za mtoto kukaa mbele ya kamera, na mtoto wa miaka saba hawezi kubeba mapenzi wala hila. Hupelekwa shule ya bweni, na baada ya miezi michache ya kalenda anarudi mwanamume mwenye ndevu. Anayetazama kila siku anajua kabisa kilichofanyika na hakimsumbui, kwa sababu anachokitaka ni yule kijana agundue baba yake ni nani.

Pacha ni njia ya kumbakiza mwigizaji anayependwa huku mhusika wake akiadhibiwa, au kumpa mtu mmoja nafasi mbili. La Usurpadora ya Meksiko, ya mwaka 1998, ilisimama juu ya jambo hilo tu: Gabriela Spanic akicheza dada wawili waliolelewa mbali, Paola, tajiri mwenye hila, akimlazimisha maskini mwema akakae nyumbani kwake badala yake. Ukiitazama kwa makini utaona utamu wake hautoki kwenye kufanana kwa nyuso. Unatoka kwa watu wa nyumba ile, wanaoshangaa kwa nini mke wao mkali ghafla ana huruma, na wanaanza kupona kwa huruma hiyo kabla ya kujua ni ya mgeni.

Kupoteza kumbukumbu kunahitaji maelezo marefu kidogo, maana hapo ndipo ilipo injini ya kazi nzima: siri. Tuseme mtoto wa Salma si wa mumewe. Wanaohusika ni saba: mtumishi, daktari, wifi, rafiki, mtoto mwenyewe, mama mkwe, mume. Kila mmoja akijua baada ya wiki mbili, siri imeishi wiki 14. Mume akijua ya kwanza, hadithi imekufa siku hiyo. Kwa hiyo mwandishi mwenye ujuzi hupanga foleni. Wa kwanza kujua huwa asiye na nguvu ya kusema, yaani mtumishi anayehofia kazi yake. Wa pili huwa aliyefungwa na kiapo, daktari. Wa tatu ndiye anayeweza kufaidika: wifi, atakayemtoza Salma pesa kwa kunyamaza. Mume hukaa mwisho. Sasa mama mkwe amejua, amekasirika, anapanda kwenda kumwambia mwanawe, na wiki bado hazijatosha. Ndipo anapoteleza kwenye ngazi. Akizinduka hajui hata jina lake, na mwandishi amejipatia wiki sita za ziada bila kumwingiza mtu mpya. Kila sura ya Salma akimlisha uji mama mkwe yule, akihofia kijiko kinachofuata ndicho kitakachorudisha kumbukumbu, ni dakika zilizonunuliwa na ngazi. Wanaocheka ngazi hawajaona hofu iliyoko kwenye kijiko.

Kurudiarudia maneno nako kuna kazi. Wahusika hukaa wakaelezana mambo ambayo mtazamaji aliyaona jana, kwa sababu asiyeona siku tatu lazima aweze kuingia. Na katika nyumba nyingi za Lamu na Malindi, tamthilia inapokuja na Kiingereza, yupo kijana anayekaa karibu na mzee kumfasiria. Mazungumzo yanayozunguka mara mbili humpa mfasiri huyo nafasi ya kupumua.

Turudi kwa yule mume mlangoni. Nyanya aliuliza kuhusu kuoshwa kwa maiti kwa sababu anajua kusoma. Pwani Mwislamu akifa huoshwa, huvishwa sanda, husaliwa na kuzikwa haraka, mara nyingi siku ileile, na waliomuosha ni watu wa karibu waliomgusa kwa mikono yao. Kifo hapa kina mashahidi. Tamthilia inapoonyesha gari likiwaka, kisha moja kwa moja mjane amevaa nyeupe na picha ya marehemu imetundikwa shada la maua, mtazamaji wa Lamu ameshaona pengo: hakuna aliyemuona. Kanuni ya mafundi wa kazi hii ni hiyohiyo. Ukitaka mtu arudi, usionyeshe uso wa maiti. Acha kitu kimoja mahali pake, pete au saa, kitakachodanganya wanaotambua. Awepo mtu anayefaidika na kifo. Mrudishe baada ya mke kupiga hatua asiyoweza kuirudisha. Na wa kwanza kumwona awe mtu asiyeaminiwa, kama mtoto mdogo au mzee aliyeanza kusahau. Tano hizo zikitimia, kurudi kwake hakushtui akili, kunashtua moyo tu.

Na swali la msichana ni swali la kweli. Kifungu cha 118A cha Sheria ya Ushahidi ya Kenya kinakubali mtu kuhesabiwa amekufa akiwa hajasikika kwa miaka 7 na wale ambao kwa kawaida wangesikia habari zake. Katika madhehebu ya Shafii, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa Pwani, zimo kauli mbili za Imamu mwenyewe kuhusu mke wa aliyepotea: ya kale inamruhusu angoje miaka minne, akae eda ya miezi minne na siku kumi, kisha aolewe, ya baadaye inamtaka angoje mpaka iwepo yakini ya kifo. Kwenye mji ambao mtu anaweza kwenda kuvua na chombo kisirudi, hayo si mambo ya vitabuni. Nyumba yenye mkasa huo haiwezi kuuzungumza kwa sauti mbele ya watoto. Tamthilia inaweza. Mwandishi wa mbali, asiyemjua Imamu Shafii, ameleta mezani mfano uliotiwa chumvi ili uonekane vizuri, na chumba kizima kikapata ruhusa ya kuujadili.

Hapo nadhani ndipo penye siri ya kudumu kwa vipindi hivi, kuliko mavazi au muziki. Mitaa ya mji wa kale wa Lamu ni myembamba, punda wawili wenye mizigo hupishana kwa shida, na kuta hushirikiwa. Jirani akisemwa, ndani ya saa moja ameshafikiwa na habari. Na ghiba ni dhambi: Kurani inaifananisha na kula nyama ya ndugu yako aliyekufa. Lakini watu wanahitaji kusema kuhusu wivu wa wake wenza, ubahili wa baba, dada aliyependelewa, mama mkwe anayefungua kabati. Wahusika wa tamthilia ni majirani ambao unaweza kuwasema bila kumdhuru mtu. Ukimlaani Paola, hakuna mlango utakaofungwa kesho. Ndiyo maana wahusika wanapaswa kuzidisha: jirani wa kweli ana visa viwili kwa mwaka, na mazungumzo ya jioni ni ya kila siku.

Wala hatukujifunza utamu huu kutoka kwenye dikoda. Msimulizi wa kwetu akianza husema "Hadithi! Hadithi!" na wasikilizaji hujibu "Hadithi njoo, uongo njoo, utamu kolea", na kwa Kiamu, lahaja ya Lamu, njoo huwa ndoo. Uongo unaalikwa kwa jina lake, mlangoni kabisa, na sababu ya kuualika inatajwa hapohapo: utamu. Hakuna anayedanganywa.

Tazama kisa cha Fumo Liyongo, ambaye kaburi lake watu huonyeshana Kipini. Silaha hazimwezi. Kinachomuua ni kitu kimoja tu, sindano ya shaba kitovuni, na anayeijua siri hiyo ni mwanawe. Mwana anaahidiwa binti wa mfalme, anamchoma baba yake usingizini. Liyongo anaamka, anatembea hadi kisimani, anapiga goti, anavuta upinde, anakufa katika hali hiyo. Watu wa mji wanamwona ameinua mshale na hakuna anayethubutu kuteka maji siku nyingi. Weka vipande hivyo mbele ya mwandishi yeyote wa tamthilia, atavitambua kimoja kimoja: siri yenye mlinzi mmoja, ndoa kama rushwa, usaliti wa damu, kifo ambacho walio jirani hawana hakika nacho, na mwisho unaowaacha watu wote na kiu. Mwili wa binadamu haubaki umepiga goti hivyo. Hofu ya mji uliokosa maji kwa dhambi ya mji wenyewe, hiyo tunaijua.

Kwa hiyo mipaka iko wapi? Maana yako mambo watazamaji hawayamezi, na kuyachambua kunaonyesha vizuri kanuni. Mwaka 1985 tamthilia ya Dallas ilimuua Bobby Ewing. Msimu mzima ukapita. Mei 1986 mkewe akaamka, akafungua mlango wa bafu, Bobby yuko anaoga: mwaka wote ulikuwa ndoto. Lawama zake zinasikika hadi leo. Linganisha na Mihir wa Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi, tamthilia ya Kihindi iliyoanza mwaka 2000. Alipouawa mwaka 2001 watazamaji walilalamika kwa nguvu, akarudishwa bila kumbukumbu, mikononi mwa daktari aliyemuuguza na kumpenda. Kisayansi, ndoto inawezekana zaidi: kila mtu huota. Lakini ndoto ya Dallas ilifuta machozi ya watu, ikawaambia mlilia bure. Kurudi kwa Mihir hakukufuta chochote. Mke alilia kweli, na sasa juu ya kilio hicho kuna mwanamke mwingine. Uongo unaoongeza mzigo hupokelewa. Unaofuta, watu huhisi wameibiwa.

Mfano wa pili ni wa mwaka 2016, pale Sasural Simar Ka ilipomgeuza shujaa wake, Simar, kuwa nzi. Watu walicheka, na wengi hudhani ni kwa sababu ya sihiri. Sidhani. Sihiri na mapepo havimshangazi mtu wa Pwani, na hata Marekani, tamthilia ya Days of Our Lives ilimwingiza mhusika wake Marlena pepo kati ya 1994 na 1995 na watu wakakaa kitako. Tofauti ni uso. Tamthilia huishi kwa uso uliovutwa karibu, jicho linalojaa maji, mdomo unaotaka kusema na kujizuia. Marlena alikuwa na uso, na jamaa zake walikuwa na nyuso za kuogopa mbele yake. Nzi hana pa kuweka huzuni.

Kosa la tatu ni dogo kwa sura na baya kuliko yote: mhusika kutohisi kile ambacho tukio linadai. Mama ampate mtoto aliyempoteza miaka ishirini, wakumbatiane, kisha sura inayofuata awe anapanga keki ya sherehe. Mtazamaji alikuwa tayari kukubali hirizi iliyovunjika vipande viwili vinavyooana. Asichokubali ni mama wa namna hiyo. Mara nyingi chanzo ni haraka: sehemu huandikwa na watu tofauti, mmoja ameandika ya Jumatano na mwingine ya Alhamisi, na hakuna aliyekabidhi hisia kwa mwenzake. Dawa yake ni ya kawaida: karatasi moja inayofuata kila mhusika, ikisema analala usiku huu akijua nini na akiwaza nini.

Kwetu Kenya kazi hii sasa ina mikono ya nyumbani. Maria, iliyoanza 2019, na Sultana, iliyoanza 2022 na yenye msichana asiyeona, zilionyeshwa na Citizen TV na kutengenezwa na Jiffy Pictures ya Lulu Hassan na Rashid Abdalla. Lugha ikiwa Kiswahili, mfasiri wa chumbani anapumzika, na mzee anapata kucheka kwa wakati mmoja na wajukuu. Lakini lugha pekee haitoshi. Mwandishi wa Lamu au Malindi anayeazima ajali ya gari na kipimo cha vinasaba kutoka tamthilia za nje anaacha dhahabu nyumbani. Badala ya gari, ana jahazi na bahari isiyorudisha maiti. Badala ya wakili kusoma wosia, ana mirathi kwa kadhi, yenye mafungu yanayojulikana, ambapo mtoto mmoja akijitokeza mafungu yote hubadilika.

Na badala ya ndugu waliopotezana, ana ndugu wa kunyonya. Hiki ndicho kisa ambacho watengenezaji wa mbali hawakijui na kila nyumba ya hapa inakielewa bila maelezo. Wapenzi wawili wamechumbiana, mahari imetolewa, kisha mzee mmoja anakumbuka kwamba miaka ile mama wa kijana alipougua, kijana alipewa titi na mama wa msichana. Hakuna damu kati yao, kipimo chochote cha hospitali kitasema hivyo, na huenda ndoa ikawa haramu milele. Kwa Shafii ni lazima kunyonya kuwe mara tano zilizo mbali mbali, kabla mtoto hajatimiza miaka miwili. Hapo zipo wiki 14 za hadithi na hakuna ngazi inayohitajika: mkunga wa mtaa anasema tatu, shangazi anaapa tano, na mama mwenyewe, ambaye ndiye pekee anayejua, amekwenda Oman na hapokei simu. Na chumbani Langoni kaimati zimeisha, nyanya amekaa wima kwenye mkeka, anahesabu kwa vidole.